Somo: Namna ya kubuni silaha za sauti zinazoaminika kwenye ulimwengu wako wa kufikirika

Wakuu, karibuni. Leo tunashughulikia silaha inayoharibiwa kuliko zote kwenye hadithi zetu. Utasoma shujaa kapuliza baragumu, jeshi zima limelala chini, yeye anafuta midomo na kuendelea na safari. Sasa masikio yake yeye yameponaje? Aliyeishika silaha ya sauti ndiye aliye karibu nayo kuliko mtu yeyote pale uwanjani. Somo zima limesimama juu ya swali hilo.

Hatua ya 1: Amua sauti inatoka wapi

Pumzi, pigo, uzi au koo. Chagua moja au mbili, basi. Chanzo ndicho kinachokupa udhaifu wa silaha: pumzi hukata, koo hukauka, na mpiga ngoma mikono yake yote miwili ina kazi, kwa hiyo hana pa kushikia ngao. Lazima awepo mtu wa kumkinga, na huyo anaweza kumchoka, kumpenda au kumuuza kwa adui.

Hatua ya 2: Heshimu umbali

Hapa ndipo penye utamu. Hewa ikiwa na joto la nyuzi 20, sauti husafiri kama mita 343 kwa sekunde. Adui aliye kilomita moja mbele atauona mkono wa mpigaji ukishuka, kisha atakuwa na karibu sekunde tatu kabla mlio haujamfikia. Sekunde tatu zinamtosha mtu kujitupa nyuma ya mwamba na kuziba masikio. Jeshi lililowahi kupigwa mara moja litamteua askari mwenye macho makali, kazi yake iwe kutazama mikono ya wapiga ngoma tu.

Tena, mahali pa wazi, umbali ukiongezeka mara mbili, nguvu inayomfikia mtu hubaki robo. Usisahau na upepo. Ukipiga kelele kinyume cha upepo, sauti hupinda kwenda juu na kumpita adui kichwani. Upepo ukiwa mgongoni kwako, hushuka na kufika mbali. Usiku mtulivu ardhi inapopoa nayo sauti husafiri mbali kuliko mchana wa jua kali. Kamanda wa kikosi cha sauti, basi, atangoja usiku na atajua upepo unatoka wapi. Mwandishi asiyetaja upepo kwenye vita ya namna hii mimi huwa simalizi sura yake.

Hatua ya 3: Jibu nani anaumia kwanza

Masikio ya binadamu huanza kuuma kwenye desibeli (kipimo cha ukubwa wa sauti) 120 hadi 130. Tuseme mlio unamfikia adui ukiwa na desibeli 130 mita 50 mbele. Kama unasambaa sawasawa pande zote, mita moja tu kutoka kwenye chanzo utakuwa na karibu 164. Mpulizaji wako yuko hapo hapo. Una njia chache za kumwokoa.

Ya kwanza ni mdomo mpana wa pembe unaoelekeza sauti mbele. Husaidia kwa milio myembamba; milio mizito huzunguka na kurudi nyuma. Ya pili ni nta masikioni, ila basi hasikii amri, na kikosi chote lazima kijue ishara za mikono. Ya tatu ndiyo niipendayo: silaha ya kugusa.

Chukua fimbo ya chuma iliyogawanyika ncha mbili juu, katikati imeviringishwa sufi nene, kitako kimeachwa wazi. Askari anagonga ncha kwenye jiwe, chuma kinaanza kuimba kwa sauti ndogo tu. Hapigi nayo kama rungu. Anasogea karibu na kukandamiza kitako kwenye deraya ya adui, yaani vazi lake la chuma la vitani. Ndani ya chuma sauti hukimbia zaidi ya mita 5,000 kwa sekunde, kwa hiyo bamba lote linatetemeka kifuani mwa mvaaji, meno yanagongana, mkono unaachia upanga. (Ukali huo ni wa kichawi, bila shaka, njia unayopita ni ya kweli.)

Ona kinachofuata. Deraya ya chuma imekuwa adui wa mwenyewe. Mashujaa wanaivua na kuvaa nguo nene zilizojazwa pamba, kwa kuwa pamba hunyonya mtetemo. Na wakishavaa pamba, wapiga mishale wa kawaida waliokuwa hawana kazi wanarudi kazini.

Hatua ya 4: Gharama

Vita vya pili vya dunia, ndege za Kijerumani aina ya Ju 87 zilifungwa ving'ora vilivyolia zikishuka kudondosha mabomu. Ving'ora havikumuua mtu. Kazi yake ilikuwa hofu. Lakini viliipunguzia ndege kasi. Silaha yako nayo ipunguze kitu.

Hatua ya 5: Jina

Liwe fupi. Tuendelee na maswali.

MASWALI

Swali: Mkuu, je, mlio unaweza kubomoa ukuta wa ngome?

Jibu: Kila kitu kina mlio wake kinapogongwa. Ukikiimbia mlio huo huo kwa nguvu bila kukatisha, kinaweza kutikisika mpaka kipasuke. Bilauri nyembamba hupasuka hivyo. Ukuta wa mawe na udongo ni vipande vingi vilivyobanana, unameza mtetemo. Vunja madirisha, kengele za mnara, au upanga uliosubuliwa kipande kimoja. Ukuta waachie wenye manati.

Swali: Hadithi yangu iko chini ya bahari. Hizi hesabu zinabadilika?

Jibu: Sana. Majini sauti hufika karibu mita 1,500 kwa sekunde, na masikio yetu hushindwa kujua imetoka upande gani. Adui atapigwa bila kujua ageukie wapi. Kuna hata kamba wadogo wa baharini wanaofyatua gando kwa kasi hadi kiputo kinatokea na kupasuka kwa kishindo kinachoduwaza mawindo. Anzia hapo.

Swali: Shujaa wangu ni kiziwi. Si hatadhurika kabisa?

Jibu: Mlio wa kutisha au wa kuumiza masikio hautamsumbua sana. Ila mngurumo mzito unaingia kifuani kwa kila mtu, na fimbo ya Hatua ya 3 haihitaji sikio. Zaidi ya hapo, yeye amezoea kusoma mtetemo kwa miguu na kutazama mikono. Mfanye yule askari wa Hatua ya 2.

Swali: Nataka mlio mmoja usikike bara zima. Nimezidisha?

Jibu: Mwaka 1883 volkano ya Krakatoa ililipuka, ikasikika kisiwa cha Rodrigues, kama kilomita 4,800, saa nne hivi baadaye. Kwa hiyo inawezekana, lakini chanzo kilikuwa mlima uliosambaratika. Ukimpa mtu mlio huo, asibaki hai.

Swali: Mwalimu, naruhusiwa kuichukua ile fimbo yako?

Jibu: Chukua. Ila mpe mpinzani wake gauni la pamba mapema, kabla ya sura ya tatu.