Pima bei ya fleti kwa funzo la Ayalandi

Kabla ya kukopa ununue fleti Nyali, Mombasa, gawanya kodi ya pango ya mwaka kwa bei. Tuseme bei ni milioni 12 na kodi 50,000 kwa mwezi: hiyo ni asilimia 5. Mkopo ukiwa wa riba ya asilimia 14, kodi haiulipi. Unabahatisha tu bei ipande.

Ayalandi iliteleza hapo hapo. Ukuaji wa miaka ya 1990 uliletwa na mauzo ya nje. Baadaye ukaegemea ujenzi na mikopo rahisi ya yuro, mingine bila arubuni (malipo ya awali ya mnunuzi) hata senti. Kuanzia 2007 hadi 2013 bei ziliporomoka karibu nusu. Serikali ilikuwa imezidhamini benki 2008, ikaishia kuokolewa 2010.

Weka arubuni ya asilimia 20 angalau, kisha hesabu rejesho upya riba ikipanda pointi 3.