Kupunguza pete ya dhahabu: kiungo kisionekane

Kijana anayejifunza usonara aliniuliza kwa nini lehemu yake (madini ya kuungia pete) hugeuka kitone badala ya kutambaa. Jibu liko hatua ya tatu, lakini nimeandika kazi nzima, kwa pete ya karati 18 isiyo na jiwe.

1. Kata. Kipenyo kikipungua milimita 1, unatoa milimita 3.14 za mzingo. Kata kwenye kiungo cha zamani kama kipo. Unga unaotoka kwenye tupa uangukie kwenye kipande cha ngozi ulichotandika chini. Ni dhahabu ya mteja.

2. Finya hadi ncha zikutane.

3. Unga. Elekeza kiungo dirishani. Ukiona mwanga, rudi kwenye tupa, kwa sababu lehemu haizibi pengo. Safisha, kisha usiguse tena kwa kidole: mafuta ya ngozi huifukuza lehemu. Saga boraksi (chumvi inayosaidia lehemu kutambaa) kwa maji iwe uji mwepesi, upake, uweke kipande cha lehemu kisichozidi milimita 1.

Moto uanze mdogo. Boraksi huvimba ikipoteza maji, na kipande hurushwa pembeni. Kirudishe kwa ncha ya sindano. Ikitulia, pasha pete nzima ukianzia upande ulio mbali na kiungo. Kitone hutokea hapa: lehemu imeiva, pete bado baridi. Lehemu hukimbilia penye joto, basi pete ndiyo iiyeyushe, si mwali. Punguza mwanga wa chumba ili uone wekundu unavyopanda. Lehemu ikimetameta na kupita kwenye kiungo, ondoa moto papo hapo, maana pete yenyewe haiko mbali na kuyeyuka.

Mimi hutumia bomba la kupuliza kwa mdomo juu ya kipande cha mkaa. Mkaa hurudisha joto na kupunguza hewa inayoichafua dhahabu. Tochi kubwa ya gesi waachie mafundi wa friji. Lehemu yenye kadimiamu usinunue hata kwa bei ya kutupa. Moshi wake ni sumu.

4. Tindikali, ya kuondoa weusi wa moto na boraksi iliyoganda. Mimina tindikali kwenye maji, kamwe si maji kwenye tindikali, kisha tumbukiza pete. Pete itoe kwa koleo la shaba au kijiti; ukiingiza chuma, pete itatoka na rangi ya shaba.

5. Tupa, msasa, ng'arisha. Mstari ukibaki ingawa kiungo kimejaa, rangi ya lehemu haikulingana na pete. Badilisha lehemu, usiendelee kusugua, utaikondesha pete bure.