Jinsi ya kudai dhamana ya benki mkandarasi akitelekeza kazi, na cha kufanya benki ikigoma

Mkandarasi ametelekeza mradi, simu hapokei, na kwenye faili lako imo dhamana ya utendaji iliyotolewa na benki yake, yaani ahadi ya benki kukulipa mkandarasi asipotimiza kazi. Wengi hapo huandika barua ndefu ya kumlalamikia. Benki haina la kufanya na malalamiko yako, kwani yenyewe hukagua karatasi: maneno, saini, tarehe. Utaratibu ufuatao ni wa Tanzania Bara.

1. Soma dhamana yenyewe. Mkataba wa ujenzi uweke pembeni kwanza. Je, benki imeahidi kulipa kwa dai la kwanza la maandishi, au hadi kosa la mkandarasi lithibitishwe? Kama ni hadi lithibitishwe, jiandae kutafuta hukumu au uamuzi wa msuluhishi kabla ya kuiona hiyo fedha. Angalia tarehe ya kuisha, mahali pa kuwasilisha dai, na kama dhamana inafuata URDG 758, kanuni za dhamana za Chama cha Kimataifa cha Biashara (ICC) zilizoanza kutumika Julai 1, 2010.

2. Andika dai. Hapa ndipo watu huumia. Kama dhamana iko kwa Kiingereza, na nyingi ziko hivyo, andika dai kwa Kiingereza hichohicho na unakili maneno yake kama yalivyo. Uzalendo wa lugha usubiri mahakamani. Taja namba ya dhamana, kiasi kisichozidi kilichoandikwa, na akaunti ya kulipiwa. Chini ya URDG ni lazima pia useme mkandarasi amekosea wapi. "Amevunja mkataba" peke yake haitoshi. "Ameondoka eneo la kazi tangu tarehe fulani na hajarudi licha ya notisi" inatosha. Ushahidi hutakiwi kuuambatanisha, isipokuwa dhamana yenyewe imeuomba. Anayesaini awe na mamlaka, na kama dhamana inataka benki yako ithibitishe saini hiyo, usiruke.

3. Wasilisha mapema. Niliwahi kuona dai safi kabisa likipelekwa Ijumaa jioni kwenye tawi la karibu na ofisi, wakati dhamana ilitaja makao makuu. Jumatatu muda ulikuwa umekwisha. Peleka kwa mkono, nakala yako igongwe muhuri wenye tarehe na saa.

4. Hesabu siku. URDG huipa benki siku 5 za kazi kukagua dai. Ikikataa, iseme kasoro zote kwa maandishi ndani ya siku hizo. Ikinyamaza, haitaruhusiwa baadaye kudai kwamba karatasi zako zilikuwa na kasoro. Kama muda wa dhamana bado upo, rekebisha kasoro uwasilishe upya siku hiyohiyo. Wala usianze kubishana.

5. Fungua shauri dhidi ya benki. Barua ya wakili hutangulia. Kisha hati ya madai husajiliwa kwa mfumo wa kielektroniki wa Mahakama. Kwa fedha nyingi mahali pake ni Divisheni ya Biashara ya Mahakama Kuu, iliyoanzishwa mwaka 1999. Ambatanisha dhamana, dai lenye muhuri, na barua ya kukataliwa. Kipengele cha usuluhishi kilichomo kwenye mkataba wa ujenzi ni chako na mkandarasi, maana dhamana ni ahadi inayojitegemea. Tarajia hatua ya upatanishi kabla ya kusikilizwa.

6. Pambana na zuio. Mara nyingi mkandarasi hukuwahi mahakamani kuomba benki izuiwe kulipa, tena kwa hati ya dharura (ombi lisikilizwe haraka), wewe ukiwa hujui. Ukipokea amri hiyo ya zuio, wasilisha haraka kiapo kinzani, yaani kiapo cha kupinga ombi lake. Tangu kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe, 1969, mwombaji wa zuio anatakiwa kuonyesha mambo matatu: kuna hoja nzito ya kuamuliwa, atapata hasara isiyofidika, na ataumia kuliko wewe zuio likinyimwa. Mbane kwenye la pili: fedha iliyolipwa kimakosa hudaiwa ikarudi. Kwenye la kwanza, wakili wako atataja kesi ya kampuni ya Edward Owen ya Uingereza, iliyoamuliwa mwaka 1977. Kampuni hiyo ilikuwa ijenge nyumba za vioo za kilimo Libya. Mteja wa Libya ndiye aliyeshindwa kutimiza sharti la malipo, lakini bado akaidai dhamana. Mahakama ya Rufani ya huko, Jaji Lord Denning akiwemo, ilisema benki ilipe, labda iwe imejua wazi kwamba kuna udanganyifu. Uamuzi huo hauwafungi majaji wetu, bali hushawishi.

Zuio likibaki, usiondoke mahakamani bila kuomba sharti moja: mkandarasi ahakikishe benki inaongeza muda wa dhamana hadi shauri liishe, na hati ya nyongeza iwasilishwe kabla ya tarehe ya awali ya kuisha kupita. Vinginevyo utashinda kesi wakati dhamana imeshakufa.