Somo: Ndugu yako akipigwa mpaka akasaini maelezo ya onyo

Wakuu, hili ni kwa Tanzania Bara. Maelezo ya onyo ni yale mtuhumiwa anayoandikwa polisi baada ya kuonywa kuwa yanaweza kutumika dhidi yake. Yakishapokelewa mahakamani kuwa kielelezo, yaani ushahidi, kuyang'oa ni kazi ngumu mno. Pambaneni mapema.

1. Andika saa aliyokamatwa, na nani aliona. Polisi wana saa 4 za kumhoji, zinazoweza kuongezwa 8. Muda wa kumsafirisha hauhesabiwi, na hapo ndipo ubishi mwingi huzaliwa.

2. Fika kituoni. Ana haki ya kuwa na wakili, ndugu au rafiki wakati wa mahojiano. Ukifukuzwa, andika saa na namba ya askari.

3. Akipelekwa kwa mlinzi wa amani (mara nyingi hakimu wa Mahakama ya Mwanzo) kuungama, avue shati. Mlinzi wa amani anatakiwa amkague mwili na kuandika alichoona. Wengi hunyamaza wakihofia kurudishwa kwa walewale waliowapiga, na hofu hiyo si ya kubeza hata kidogo. Lakini jeraha lililoandikwa siku hiyo lina uzito kuliko simulizi ya mwaka kesho. Vivyo hivyo siku ya kwanza kizimbani: amwambie hakimu, aombe iingie kwenye mwenendo wa kesi. PF3, fomu ya matibabu ya aliyejeruhiwa, hutolewa na polisi haohao, kwa hiyo akifika mahabusu ya gereza aombe mganga aandike majeraha.

4. Pingamizi litolewe shahidi anapoomba maelezo yapokelewe, si wakati wa utetezi. Mahakama Kuu hufungua kesi ndani ya kesi, yaani husikiliza kwanza suala hilo pekee, na Jamhuri (upande wa mashtaka) ndiyo yenye mzigo wa kuthibitisha kuwa aliyatoa kwa hiari. Mwaka 2021, katika kesi ya Freeman Mbowe na wenzake, mshtakiwa mmojawapo, Adam Kasekwa, alidai aliteswa; Jaji Mustapha Siyani aliyapokea maelezo yake. Machi 2022 Mkurugenzi wa Mashtaka (DPP) akaifuta kesi.

MASWALI

– Mdogo wangu hakuguswa, aliambiwa mkewe atawekwa ndani. Inahesabika?

Inahesabika, mkuu. Vitisho na ahadi vimo kwenye sheria. Ila mahakama itapima kama kitisho hicho kingeweza kumfanya akiri uongo.

– Yakipokelewa ndiyo basi?

Hapana. Tangu kesi ya Tuwamoi dhidi ya Uganda, 1967, mahakama zetu huyatazama kwa tahadhari maelezo yaliyokanwa na kutafuta ushahidi wa kuyaunga mkono. Hata hivyo, hakimu akiridhika ni ya kweli, anaweza kumtia hatiani kwa hayo peke yake.

– Hela ya wakili hatuna, dada.

Ombeni msaada chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017. Nendeni na yale mliyoandika hatua ya 1 na 2.