Kabla Hujaweka Modi Kwenye Minecraft

Kwanza jua ni Minecraft ipi unayocheza. Ipo ya Java, ya kwenye kompyuta, na ipo Bedrock, ya kwenye simu, Xbox, PlayStation na pia Windows. Modi (nyongeza zinazobadilisha gemu) ninazozizungumzia hapa ni mafaili ya jar, na hayo ni ya Java peke yake. Bedrock ina nyongeza zake na taratibu zake. Mtu akikutumia faili la jar uliweke kwenye gemu ya simu yako, ama hajui anachokifanya au anakutafutia balaa. Lifute, endelea na shughuli zako.

Toleo lisome mpaka tarakimu ya mwisho. Modi iliyotengenezwa kwa ajili ya 1.20.1 usiibebe kwenda 1.20.4 kwa matumaini. Wala usiipandishe dunia yako (ile ramani unayojenga ndani ya gemu) toleo kwa sababu tu umeona modi nzuri ya toleo jipya: kupanda kupo, kushuka hakupo. Dunia ya 1.17 ukiifungua kwenye 1.18, sakafu yake inashushwa kutoka 0 hadi -64 na kimo chake kinapanda kutoka 256 hadi 320. Ukitaka kurudi 1.17 baada ya hapo, umechelewa.

Kisha chagua programu ya kuzipakia modi: Forge, Fabric, Quilt, au NeoForge iliyojitenga na Forge mwaka 2023. Moja tu. Modi za Forge na modi za Fabric hazikai folda moja. (Waliobobea wana viunganishi vya kuzilazimisha zikae pamoja; wewe bado, achana navyo.) Ukichagua Fabric, kumbuka kwamba Fabric API, ambayo modi nyingi za Fabric huitegemea, ni faili jingine, unalipakua peke yake na kuliweka kwenye folda ya mods. Malalamiko mengi ya "nimeweka modi, gemu haifunguki" yanaishia hapo. Modi nyingi zinategemea modi nyingine, na orodha ya hizo imeandikwa palepale unapopakulia. Isome yote kwanza, usije ukamaliza bando kwa kurudi kila mara kufuata kitu kimoja.

Java yenyewe, yaani programu inayoiendesha gemu, isikusumbue kama unatumia lancha rasmi (programu ya kufungulia gemu), maana huja na ya kwake. Anayeendesha seva yake ndiye ajihadhari: kuanzia 1.18 inatakiwa Java 17, na kuanzia 1.20.5 inatakiwa angalau Java 21.

RAM. Hii ni kumbukumbu ya kazi ya kompyuta. Lancha rasmi kwa muda mrefu imekuwa ikiipa gemu GB 2, na kwa modi chache zinatosha. Ukihitaji zaidi, ingia kwenye mipangilio ya gemu ndani ya lancha, tafuta palipoandikwa -Xmx2G, badilisha isomeke -Xmx4G. Usiwe mroho. Mashine ya GB 8 ukiipa gemu 7, Windows inakosa pa kupumulia na kila kitu kinaganda, kuanzia gemu yenyewe. Mwenye GB 4 asahau yale makundi ya modi mia mbili anayoyaona YouTube. Aanze na modi ya Sodium, ambayo kazi yake ni kuipunguzia mashine mzigo wa picha, ndipo aongeze kitu kimoja, acheze, aone.

Pakua kutoka tovuti za CurseForge au Modrinth, au pale ambapo mtengenezaji mwenyewe amekuelekeza. Tovuti zinazojitokeza juu kabisa ukitafuta jina la modi, zenye vitufe vitano vya "pakua" na matangazo yanayorukaruka, zikwepe. Najua kwetu modi nyingi zinatembea kwa flashi na kwa Telegram, kwa sababu bando ni ghali na rafiki tayari anazo. Naelewa. Lakini faili la jar ni programu kamili: likifunguka lina uwezo wa kufanya chochote ambacho wewe unaweza kufanya kwenye hiyo kompyuta. Juni 2023 ilionekana wazi. Akaunti kadhaa za watengenezaji kwenye CurseForge na kwenye tovuti ya Bukkit (ya nyongeza za seva) ziliingiliwa, na modi zikawekewa kirusi kilichopewa jina la fractureiser. Kiliiba vitambulisho vya kuingilia akaunti za Microsoft na Discord pamoja na vilivyohifadhiwa kwenye vivinjari, kisha kikajipachika kwenye mafaili mengine ya jar kiliyoyakuta ndani ya kompyuta. Fikiria hapo flashi ya rafiki yako imepita kwenye mashine ngapi. Ukilazimika kupokea modi kwa flashi, chukua majina tu, ukazipakue mwenyewe.

Sasa nakala. Hapa nitakaa, na usiniruke.

Kabla hujaweka modi, kabla hujatoa modi, kabla hujabadilisha toleo la modi, nakili dunia yako. Watu wengi hukumbuka wakati wa kuweka tu. Wanadhani kutoa ni salama, kwamba ukitoa unarudi ulipokuwa. Huwezi kurudi.

Mtaani kwetu kuna ndugu wawili waliojenga mji mzima wa pwani ndani ya Minecraft. Nyumba za matumbawe, vichochoro, msikiti, bandari yenye majahazi, na mabaraza yamezunguka kila mahali. Milango ya kuchonga, madirisha ya mbao za kusuka na samani zote zilitoka kwenye modi moja ya mapambo. Hata vitu vyao walivitunza kwenye makabati ya modi hiyohiyo. Kazi ya likizo nzima, na wapita njia walikuwa wakiitwa ndani kuonyeshwa.

Laptopu ikaanza kuwa nzito. Kaka mtu akaamua kupunguza modi ili gemu iwe nyepesi, akaanza na ile ya mapambo kwa sababu faili lake lilikuwa kubwa kuliko mengine. Akaifuta, akafungua dunia. Ikafunguka vizuri tu, tena haraka, na hicho ndicho kilichomponza: hakuona kosa, hakuona onyo, akajua mambo safi. Akatokea uwanjani mbele ya msikiti. Mlango haupo. Akageuka: mabaraza hayapo, madirisha ni matundu. Akaingia nyumba ya kwanza, makabati hayapo na kila kilichokuwemo hakipo.

Basi akafanya ambacho mtu yeyote angefanya. Akakimbia mji mzima kukagua hasara. Mtaa kwa mtaa, nyumba kwa nyumba, mpaka karibu na bandari, huku mdogo wake amesimama nyuma yake akisema, "Kaka, rudisha tu ile modi, itakuwa sawa." Akahifadhi, akatoka, akairudisha modi, akafungua tena. Matundu yaleyale.

Elewa kilichotokea, maana ukikielewa hutasubiri kukumbushwa. Minecraft haihifadhi dunia kama picha moja kubwa. Inaikata vipande vyenye upana wa bloku 16 kwa 16, na kila kipande kina orodha ya majina ya bloku zilizomo. Mlango wa modi umeandikwa kwa jina la modi, nukta mbili, kisha jina la mlango. Gemu ikisoma jina ambalo hakuna modi inayolitambua, inaweka hewa mahali pake. Mpaka hapo bado hujaharibikiwa, kwa sababu faili kwenye diski lina jina la zamani. Hatari ni pale kipande kinapohifadhiwa upya: hewa inaandikwa juu ya mlango, na jina linapotea kabisa. Ukija kuirudisha modi, inakuta hakuna chochote cha kutambua.

Na gemu hupakia vile vipande vilivyo jirani na mchezaji. Kwa hiyo kila alipokimbilia kukagua hasara, ndipo alipoileta hasara. Ushahidi ulikuwa upande wa mbali wa bandari, ambako hakufika: majahazi yalikuwa na kila ubao wake, na nyumba mbili za wavuvi zilikuwa na milango yake, mizima. Angefunga gemu palepale uwanjani bila kupiga hatua, pengine angepoteza msikiti na nyumba chache za jirani. Angekuwa na nakala, asingepoteza kitu.

Forge hutoa onyo pale inapoona dunia ina vitu ambavyo modi zake hazipo. Likitokea, lisome, usibonyeze kuendelea kwa mazoea. Ila usiyategemee maonyo, si kila programu inayo na si kila tatizo linaonywa.

Kunakili kwenyewe ni rahisi. Funga gemu kabisa. Ukinakili dunia ikiwa imefunguliwa unaweza kupata nakala mbovu. Kwenye Windows, bonyeza kitufe cha Windows pamoja na R, andika %appdata%, ingia .minecraft, kisha saves. Kila dunia ina folda yake humo. Inakili yote, uipeleke nje ya .minecraft, uipe jina lenye tarehe. Nakili na folda ya mods na ya config (yenye mipangilio ya modi) iende pamoja nayo, kwa sababu dunia bila modi zake umeshaona inakuwaje. Nakala moja iwe kwenye flashi au kompyuta nyingine. Halafu ifungue ujaribu: nakala ambayo haijawahi kufunguliwa usiihesabu. Gemu yenyewe pia inayo sehemu ya kutengeneza nakala, ukichagua dunia na kubonyeza Edit, ambayo huweka faili la zip kwenye folda ya backups. Ni nzuri, lakini faili hilo limo ndani ya diski ileile, na haibebi modi.

Afadhali zaidi, kila mkusanyiko wa modi uupe folda yake. Lancha rasmi inakuruhusu kuchagua folda ya gemu kwa kila toleo unaloliweka, na Prism Launcher, lancha nyingine, hufanya hivyo yenyewe. Hapo huwezi kuifungua dunia ya modi kwa gemu isiyo na modi kwa bahati mbaya, jambo linalotokea sana kompyuta ikiwa ya nyumba nzima na wadogo nao wanacheza.

Weka modi chache kwa mara moja, ucheze, ndipo uongeze. Gemu ikigoma kufunguka, fungua folda ya crash-reports au faili la latest.log ndani ya logs, tafuta maneno "Caused by". Mara nyingi jina la modi yenye kosa liko hapo karibu. Usipoliona, toa nusu ya modi ujaribu, kisha nusu ya nusu. Ila fanya hivyo kwenye dunia mpya ya majaribio. Ya kwako usiiguse.

Wapenzi wa matoleo ya zamani, 1.7.10 na 1.12.2, mkumbuke Desemba 2021, ulipogunduliwa udhaifu wa Log4j, kipande cha programu ndani ya gemu kinachoandika kumbukumbu za matukio: ujumbe tu ulioandikwa kwenye gumzo la seva uliweza kuifanya kompyuta yako iendeshe programu ya mtu mwingine. 1.18.1 iliuziba, na lancha rasmi ikazirekebisha za nyuma. Lancha ya kukraki uliyopewa sijui ilirekebishwa na nani. Usiingie nayo kwenye seva za watu usiowajua. Seva ikikudai uweke modi isiyopatikana popote isipokuwa kwao, toka. Umeme ukiwa wa kukatikakatika na betri ya laptopu imekufa, usihamishe mafaili ya dunia usiku wa mawingu. Na kama kompyuta ni ya steshenari ya shangazi, ambako watu wanaacha vyeti vyao na kufungulia barua pepe zao, usiweke modi hata moja humo. Cheza gemu tupu.