Somo: Namna ya kuchora ramani ya yasiyoonekana mtaani kwako

Assalamu alaykum wanabaraza. Wengi mmeniuliza muanzie wapi, kwa hivyo leo naziweka hatua zote pamoja. Fani hii haina chuo wala cheti. Tumeiunda wenyewe hapa Amu, yaani Lamu, kwa kutembea na kusikiliza. Tunachokitafuta ni ule mji wa pili ambao kila mwenyeji anaujua na hakuna ramani ya serikali inayouonyesha: kisima kisichotekwa maji baada ya magharibi, kichochoro kinachopitwa kwa bismillahi, mbuyu usiokatwa hata kijiti.

Hatua ya kwanza, elekea kibla. Kwetu Makka iko karibu kaskazini kabisa, ndiyo maana mzee akisema "upande wa kibla" anamaanisha kaskazini. Basi kibla iwe juu ya karatasi yako. Dira huihitaji, kwani kila baada ya vichochoro viwili vitatu una msikiti, na kila msikiti una mihrabu. Ukipenda kuweka upande mwingine juu, hukukosea: al-Idrisi, yule mwanajiografia wa Kiarabu, alipochora dunia yake mwaka 1154, na Malindi ikiwemo, kusini ndiyo iliyokuwa juu.

Hatua ya pili, chukua eneo dogo. Usiseme utachora mtaa wote wa Mkomani. Chora kutoka msikiti mmoja hadi kisima kimoja, upime kwa miguu, maana kati ya kuta ndefu za matumbawe simu haijui ilipo.

Hatua ya tatu ndiyo somo lenyewe. Fuatana na mwenyeji, na ufunge mdomo. Tazama wapi anashusha sauti, wapi anakaza mwendo, wapi anatoa salamu na hakuna mtu. Mimi nilianza vibaya. Nilikuwa nabisha hodi na kuuliza, "Majini wako wapi hapa?" Nikapewa hadithi wanazopewa wageni, nyumba tatu hadithi moja. Miezi minne ya kuandika, nikaitupa. Kisha siku moja nikamsindikiza shangazi aliyebeba sinia ya mahamri. Kufika pembe fulani akahamisha sinia mkono wa kushoto kwenda wa kulia, akanyamaza, akapita. Kesho yake vilevile. Nilipomwambia, alishangaa, hakuwa akijua kwamba anafanya hivyo. Tukakaa barazani akifikiri, hatimaye akakumbuka: bibi yake alimfundisha kupita pale kwa adabu, kwa kuwa palikuwa na kisima kilichofukiwa kabla yeye hajazaliwa. Kisima hakipo, aliyefundisha hayupo, sababu ilikuwa karibu kupotea, lakini mkono bado unakumbuka. Hiyo ndiyo nukta ya kwanza ya kweli niliyowahi kuchora.

Hatua ya nne, alama. Nukta nyeusi ni mahali uliposimuliwa na pia ukaona watu wanavyofanya. Duara tupu ni pa kusimuliwa tu. Mstari wa vikato ni njia inayokwepwa. Usichore jini, hata kwa kupamba. Pembeni andika umri wa aliyekwambia na saa mliyopita, jina lake usiandike.

Hatua ya tano, wakati. Tumia karatasi nyepesi zinazoonyesha kilicho chini yake, moja ya mchana, moja ya magharibi, na ukiwa pwani ongeza ya bamvua, maji yanapojaa na kupwa sana, na ya maji mafu, yanapojaa na kupwa kidogo. Mkata mikoko atakwambia kuna mahali panapoogopwa maji yakipwa, na yakijaa watu wanapita wakiimba. Nendeni kwenye magofu ya Takwa, kisiwani Manda, muone. Mji ule ulihamwa karne ya 17, na mkono wa bahari unaofika pale hupitika kwa mashua maji yakijaa tu. Watu wa kijiji cha Shela, hapa kisiwani Amu, wanaosema asili yao ni huko, bado huenda kuomba dua penye kaburi la mnara. Ramani ya Takwa isiyo na maji kupwa na kujaa ina makosa, hata vipimo vikiwa sawa.

Hatua ya sita, mipaka. Waulize wazee juu ya ng'ombe aliyezungushwa mji kwa dua ili kuondoa balaa. Waulize ng'ombe alipita wapi, usiwaulize kwa nini. Ile njia yake ilikuwa ukuta, ingawa hauna jiwe hata moja. Mimi nikiiweka juu ya mji wa leo hukaa nikiitazama muda mrefu, kuona nyumba ngapi sasa zimejengwa nje yake.

Hatua ya saba, rudisha. Msomee ramani aliyekupa habari. Akisema futa, futa mbele yake.

MASWALI YA WANABARAZA

Maalim, ghaibu, yaani elimu ya yaliyofichika, si ya Mwenyezi Mungu peke yake? Hii haitufikishi kwenye shirki, kumshirikisha Mungu?

Ndugu yangu, swali lako ndilo la kwanza kwa uzito. Ghaibu ni Yake peke yake, aya ya 65 ya Suratun Naml inasema wazi. Sisi tunaandika wanavyosema na wanavyofanya wanadamu, basi. Siku utakapomwambia mtu nyumba yake ina jini, au ukapokea pesa, umeshatoka katika fani hii na kuingia uganga. Mwonyeshe sheikh wako ramani kabla ya mtu mwingine.

Mimi niko Malindi. Nianze na Gedi?

Usianze nayo. Gedi, ule mji wa magofu, ina ramani nzuri ya mawe yake tangu mwanaakiolojia James Kirkman alipoanza kuchimba mwaka 1948, na mwaka 2024 imeingia katika urithi wa dunia wa UNESCO. Kirkman mwenyewe, mtu wa vipimo, aliandika kwamba mwanzoni alihisi kitu kinamtazama nyuma ya kuta. Lakini wageni wamezoeshwa hadithi za pale. Anza kwa majirani wa Gedi, wale wanaopita kando ya msitu kwenda shamba. Tazama wanapitia upande gani, na saa ngapi.

Bibi yangu ndiye aliyebaki mwenye kujua mtaa wetu, naye hataki kusema. Nifanye nini, maalim?

Mwanangu, usimlazimishe. Mpelekee chai, ukae naye, karatasi iache nyumbani. Akinyamaza hadi mwisho, chora ukingo wa mahali hapo vizuri, kwa vipimo, na ndani uache peupe. Mimi ninacho kipande kimoja cha namna hiyo, nyuma ya nyumba tuliyozaliwa, hatua kumi na nne kwa tisa. Mama alikuwa akikizunguka. Sijakijaza.