Somo: Folda ya Mods ya The Sims 4, mahali ilipo na namna ya kuitibu modi zikigoma

Wakuu, salaam.

Leo tulimalize jambo linalowasumbua wengi wanaocheza The Sims 4 kwenye kompyuta. Umepakua modi (nyongeza ya gemu iliyotengenezwa na wachezaji wengine), umeiweka, umefungua gemu, na hakuna kilichobadilika. Nywele hazipo, fenicha hazipo, menyu mpya haionekani. Wengi wakifika hapo hufuta gemu zima na kulipakua upya. Intaneti kibao imekwenda, usiku umekwenda, na tatizo liko palepale. Nami nilifanya hivyo mara mbili kabla sijaelewa, kwa hiyo nawaomba msikimbilie kufuta. Karibu kila mara gemu lenu ni zima.

Elewa kwanza kwamba gemu hili lina nyumba mbili. Nyumba ya kwanza ni pale liliposakinishwa, kwa kawaida ndani ya Program Files au kwenye folda za Steam. Humo mna injini yenyewe, picha na sauti zake. Nyumba ya pili imo ndani ya Documents, na ndimo gemu linamotunza vitu vyako wewe mchezaji: sevu zako (michezo uliyohifadhi), mipangilio, picha ulizopiga, familia ulizohifadhi, na modi. Ukifuta gemu na kulisakinisha upya unagusa ile ya kwanza tu. Ya pili inabaki kama ulivyoiacha, na ugonjwa wake ndani. Na modi ukiitia kwenye nyumba ya kwanza, gemu halitaiona kamwe.

Hatua ya 1: Fungua gemu mara moja, kisha lifunge

Folda tunayoitafuta huundwa na gemu lenyewe linapofunguliwa mara ya kwanza. Kama umesakinisha sasa hivi na bado hujalifungua, hutaikuta. Fika mpaka menyu kuu, toka, endelea.

Hatua ya 2: Ifikie folda

Njia ni hii, kwa Windows na kwa Mac: Documents, halafu Electronic Arts, halafu The Sims 4, halafu Mods. Haijalishi gemu ulilipata kwa EA au kwa Steam, njia haibadiliki.

Kwa watu wa Windows, hapa pana mtego, na nadhani ndio unaokula muda wa watu kuliko mingine yote. Kompyuta nyingi siku hizi zina OneDrive, hifadhi ya mtandaoni ya Microsoft, nayo huwa inahamishia Documents kwake. Matokeo yake unakuwa na Documents mbili: moja iko moja kwa moja chini ya jina lako la mtumiaji, nyingine iko ndani ya OneDrive. Zote mbili zinaweza kuwa na folda ya Electronic Arts, na zote mbili zinaweza kuwa na Mods. Wewe unajaza modi kwenye moja, gemu linasoma nyingine.

Usibahatishe. Bonyeza kitufe chenye alama ya Windows pamoja na R, andika shell:personal kisha bonyeza Enter. Itafunguka ile Documents ambayo Windows yenyewe inaitambua, na ndiyo gemu linayoifuata. Ukitaka uthibitisho zaidi, fungua gemu, badilisha mpangilio wowote mdogo, kwa mfano sauti ya muziki, hifadhi, kisha toka. Sasa tazama faili linaloitwa Options.ini kwenye kila folda ya The Sims 4 uliyoiona. Lile ambalo saa yake ya kubadilishwa ni ya dakika hii ndilo liko kwenye nyumba ya kweli.

Ukigundua kwamba ya kweli ni ile ya OneDrive, gemu litafanya kazi humo bila shida mradi mafaili yawepo kwenye kompyuta yako. Yenye alama ya wingu bado yako mtandaoni tu. Bofya kulia juu ya folda ya The Sims 4 na uchague "Always keep on this device". Mimi binafsi napendelea kuiondoa Documents kwenye usawazishaji kabisa, kwa sababu folda ya modi hukua haraka na OneDrive inaweza kuwa inavuta faili wakati gemu nalo linalitaka. Ila kabla ya kugusa usawazishaji, nakili folda ya saves uiweke pembeni.

Hatua ya 3: Weka modi kwa utaratibu

Modi nyingi hupakuliwa zikiwa zimebanwa katika faili la zip au rar. Gemu halisomi zip wala rar. Lifungue kwanza, utoe kilichomo, na hicho ndicho ukipeleke Mods. Unachotafuta ni mafaili ya aina mbili: yanayoishia na .package (vitu kama nywele na fenicha) na yanayoishia na .ts4script (modi za skripti, yaani zenye msimbo wa programu). Kama Windows inakuficha miisho hiyo, fungua dirisha lolote la mafaili, nenda "View", ruhusu "File name extensions".

Angalizo: faili la .ts4script kwa ndani limeundwa kama zip, na programu za kufungulia zip zinaweza kulionyesha kana kwamba nalo linangoja kufunguliwa. Usilifungue. Liache zima.

Kisha kuna suala la kina. Unaruhusiwa kupanga modi zako kwenye folda ndogondogo, lakini aina hizi mbili hazina ruhusa sawa. Faili la .package linasomwa hata likiwa folda tano ndani ya Mods. Faili la .ts4script linasomwa likiwa ndani ya Mods moja kwa moja, au ndani ya folda moja tu. Likizama folda mbili halisomwi, na gemu halikupi onyo lolote. Hapa ndipo wapenda usafi wanapoumia: mtu anatengeneza folda ya "Skripti", ndani yake folda ya kila mtunzi, na kila kitu kinakufa kimya. Zaidi ya hapo, ukifungua zip kompyuta mara nyingi huongeza folda yake yenye jina la zip, kwa hiyo unaweza kuwa umezamisha faili bila kujua.

Ndani ya Mods utaona pia faili linaloitwa Resource.cfg. Hilo ndilo linaloliambia gemu lisome .package kwenye folda zipi. Ukilifungua kwa Notepad utaona mistari inayoanza na PackedFile, yenye nyota na mikwaju, na kila nyota yenye mkwaju ni ngazi moja ya folda. Usilihariri. Likipotea au likiharibika, lifute, fungua gemu, litaundwa jingine.

Hatua ya 4: Lipe gemu ruhusa

Ndani ya gemu fungua "Game Options", nenda "Other", weka alama kwenye "Enable Custom Content and Mods" na kwenye "Script Mods Allowed". Bonyeza "Apply Changes". Toka kabisa, fungua upya. Bila kufungua upya ruhusa haifanyi kazi.

Kumbuka kwamba gemu huzima ruhusa hizi lenyewe kila linapopata sasisho. Halikosei. Sasisho hubadilisha mambo ya ndani, na modi ya zamani inaweza kuharibu sevu yako. Mfano mkubwa ni Novemba 2018, gemu lilipohamia toleo jipya la Python, lugha ya programu inayotumika kuandikia skripti, na modi za skripti zilizoandikwa kabla ya hapo zikalazimika kutengenezwa upya.

Hatua ya 5: Futa kache

Rudi nyuma kutoka Mods hadi folda ya The Sims 4. Gemu likiwa limefungwa, futa faili la localthumbcache.package, ndilo kache, yaani kumbukumbu ya muda ya gemu. Fanya hivi kila unapoongeza au kuondoa modi. Gemu huliunda tena.

Bado inagoma? Tafuta mkosaji kwa nusu nusu

Hamisha folda nzima ya Mods uiweke kwenye eneokazi, futa kache, kisha fungua gemu. Kama tatizo bado lipo, basi modi hazihusiki, na hapo ndipo unaweza kutumia "Repair" kwenye programu ya EA au ukaguzi wa mafaili wa Steam. Kama tatizo limetoweka, mkosaji yumo kwenye ile folda.

Rudisha nusu ya modi. Jaribu. Tatizo likirudi, mkosaji yumo kwenye nusu uliyoirudisha, lisiporudi yumo kwenye nusu iliyobaki. Igawe hiyo tena. Inaonekana ni kazi ndefu lakini sivyo: modi 200 zinakwisha kwa majaribio 8 tu. Ukizijaribu moja moja utakesha.

Nawasihi mfanye majaribio haya kwenye sevu mpya. Ukifungua nyumba yako ya siku zote bila modi na ukahifadhi, fenicha na nguo zilizotokana na modi zinaweza kuondoka kwenye sevu hiyo. Naijua nyumba iliyopambwa kwa miezi na ikapotea hivyo.

MASWALI YA WADAU

Mkuu, kwangu hakuna folda ya Mods kabisa. Electronic Arts ipo, The Sims 4 ipo, humo ndani Mods haipo.

Kama gemu umeshalifungua mpaka menyu kuu, itengeneze mwenyewe. Iite Mods, herufi kwa herufi, bila nafasi. Ukifungua gemu tena litaweka Resource.cfg humo. Lisipoweka, una folda mbili, rudi hatua ya 2. Pia angalia ulinzi wa Windows: kipengele cha "Controlled folder access" kikiwa kimewashwa kinaweza kulizuia gemu kuandika chochote ndani ya Documents. Liruhusu gemu kwenye orodha yake.

Mimi nacheza kwa Kifaransa. Sioni The Sims 4, naona Les Sims 4. Ni gemu jingine?

Ni lilelile. Jina la folda hufuata lugha ya gemu. Kwa Kihispania utakuta Los Sims 4, kwa Kijerumani Die Sims 4. Tumia hiyo hiyo uliyonayo. Jambo la kujua ni kwamba ukibadilisha lugha, gemu huunda folda mpya yenye jina la lugha mpya, na ghafla utaona sevu zote zimetoweka na modi hazipo. Hazijapotea, ziko kwenye folda ya zamani. Nakili saves, Tray (folda ya nyumba na familia ulizohifadhi) na Mods uzipeleke kwenye mpya.

Nywele na nguo zinaonekana vizuri ila modi ya skripti haifanyi kitu. Kaka, tatizo nini?

Swali zuri, maana limeshajijibu nusu. Kama nguo zinaonekana basi folda ni sahihi na ruhusa ya kwanza ipo. Yamebaki matatu: "Script Mods Allowed" haijawekwa alama, au .ts4script imezama folda mbili, au modi ni ya toleo la zamani la gemu. Fungua faili la GameVersion.txt ndani ya folda ya The Sims 4, soma namba ya toleo lako, ulinganishe na aliyosema mtunzi wa modi.

*(Nyongeza kutoka kwa muulizaji: ilikuwa folda mbili ndani. Nimeitoa, imekubali. Asante sana.)*

Sims wangu wana alama nyekundu za kuuliza mwilini na gauni halipo.

Hapo umepakua rangi bila umbo. Watunzi wengine hutoa rangi mpya za nguo au nywele za mtunzi mwingine, na faili hilo pekee halina umbo lenyewe. Soma maelezo ya pale ulipopakua, utaona wametaja faili la msingi. Lipakue uliweke pia.

Nimepakua nyumba, nimeweka Mods, haionekani kwenye maktaba.

Nyumba na familia haziendi Mods, dada. Mafaili yanayoishia na .trayitem, .blueprint, .bpi na wenzao yanakwenda Tray, folda iliyo jirani na Mods. Kama nyumba imekuja pamoja na mafaili ya .package, hayo ndiyo yabaki Mods. Kisha ukiwa kwenye maktaba ya gemu weka alama ya kuonyesha vitu vyenye modi, la sivyo itafichwa.

Nimesasisha modi kubwa na sasa menyu zinafunguka mara mbili.

Una toleo la zamani na jipya kwa pamoja. Futa mafaili yote ya modi hiyo, ya .package na ya .ts4script, kisha weka jipya peke yake. Kunakili juu ya zamani hakutoshi pale mtunzi anapokuwa amebadilisha majina ya mafaili.

Nina PlayStation. Folda iko wapi?

Haipo. PlayStation na Xbox hazipokei modi kwa gemu hili.

Je, modi inaweza kuleta virusi? Nimeona mtu anasema hapana kwa sababu ni gemu tu.

Inaweza. Faili la .package la nywele halina msimbo wa Python ndani yake, lakini .ts4script ni msimbo wa Python unaotekelezwa kwenye kompyuta yako, na mwaka 2024 ziligunduliwa modi za skripti zilizotiwa programu hasidi. Pakua kwenye ukurasa wa mtunzi mwenyewe, si kwa mtu aliyeipakia upya. Na ukikuta modi ya The Sims 4 inakutaka ufungue faili la .exe ili ijisakinishe, ifute hapohapo. Modi ya gemu hili unainakili tu kwenye folda.